Wimbo Ukikatwa Katikati

Kabla sijaishi Chicago sikuwahi kufikiri kwamba watu wazima wanaweza kulipwa ili wabishane juu ya albamu. Ubishi wa muziki wenyewe nimekua nao. Nimelelewa Ngamiani, Tanga, ambako swali la bendi ipi ya dansi ni bora, Msondo au Sikinde, liliweza kuwatenganisha ndugu wa baba mmoja tangu magharibi mpaka muuza kahawa anajifungia virago vyake. Lakini ule ulikuwa ubishi wa bure, wa barazani. Redioni haukuwapo. Mtangazaji aliusifia wimbo kabla haujaanza, akausifia tena ulipokwisha, na katikati ya gita la solo akawasalimia wasikilizaji wa Mikanjuni na Chumbageni.

Kipindi kilichonifungua masikio kinaitwa Sound Opinions. Wanaokiendesha ni Jim DeRogatis na Greg Kot, na utamu wake wote unaanzia hapa: hawa wawili walikuwa washindani wa kazi. DeRogatis alikuwa mhakiki wa muziki wa gazeti la Chicago Sun-Times. Kot alikuwa mhakiki wa Chicago Tribune. Magazeti hayo yaligombea wasomaji wa mji mmoja, yakatuma watu kwenye maonyesho yale yale, na kesho yake kila mmoja akaandika lake. Halafu mwisho wa wiki mahasimu hao wanaketi meza moja mbele ya vipaza sauti. Walianza pamoja kwenye redio ya biashara, WXRT, na Desemba 2005 wakahamia redio ya umma, WBEZ, 91.5 FM, ambayo studio zake ziko Navy Pier, kwenye gati lililoingia ndani ya Ziwa Michigan. Huko ndiko nilikowakuta.

Nilikuwa naendesha gari la mikate. Jumamosi nikimaliza kusambaza, nilimpa lifti mama mmoja wa Bukavu aliyefanya kazi ya kufungasha pale pale kiwandani, kwa kuwa sote tulikaa Rogers Park, mtaa wenye Wakongomani wengi kiasi kwamba unaweza kununua sombe, yaani kisamvu, bila kutamka neno la Kiingereza. Mara ya kwanza aliwasikiliza wale mabwana wanavyokatizana maneno, akaniuliza, "Aba bazungu banagombana juu ya nini?"

"Juu ya ngoma, Mama."

"Ngoma tu?"

"Ngoma tu."

Alicheka mpaka akashika dashibodi. Jumamosi nyingine yeye ndiye aliyeniambia niongeze sauti.

DeRogatis ni mpiga drums, na anaongea kama mpiga drums, kwa kasi na bila kungoja zamu. Akiwa bado mwanafunzi wa sekondari huko New Jersey, mwaka 1982, alikwenda kumhoji Lester Bangs, mhakiki ambaye wenzake walimwona mkubwa wao, na wiki mbili hivi baadaye Bangs akafariki. Nadhani kijana akiupata mkutano wa namna ile, kazi inamchagua yeye. Kot ni mpole zaidi. Anamwacha mwenzake amalize, kisha anasema jambo moja tu, na mara nyingi hilo moja ndilo linalobaki kichwani. Mimi kwa kawaida nilikuwa upande wa Kot. Mama wa Bukavu alimpenda yule mwingine, kwa sababu alisema mtu asiyepandisha sauti hana uhakika na anachosema.

Sehemu niliyoingoja zaidi ni pale walipochukua albamu ya zamani na kuipasua wimbo baada ya wimbo. Wanapiga sekunde kadhaa, wanaukata. Mmoja anasema: sikia besi inavyochelewa hapo. Wanapiga tena. Mwingine anasema hapana, besi haijachelewa, ni drums zimetangulia. Wanapiga mara ya tatu. Sasa wewe uliye garini, mikono imenata unga, ndiye hakimu. Gazeti haliwezi kufanya hivyo. Mwandishi akikwambia gita linalia, utamwamini au hutamwamini, basi. Redio inakuletea shahidi mwenyewe aseme.

Kwangu wimbo ulikuwa kitu kimoja kizima, kama embe: tamu au si tamu. Sikujua kwamba una viungo. Nikaanza kuwafanyia hivyo hivyo watu wetu. Nilikuwa na CD za Mlimani Park Orchestra na za Juwata, nikawa nazisimamisha garini. Mama ndiye aliyekuwa mwalimu, sikutegemea. Alikuwa mtu wa Franco, yule mpiga gita wa Kongo, hadi kwenye mifupa, na kwa sababu hiyo alijua magita. Alinionyesha kwamba katika rumba la Kongo kati ya solo na ridhimu kuna gita la tatu, mi-solo, ambalo halisikiki mpaka uambiwe lipo, na ukishalisikia huwezi tena kutolisikia. "Simamisha hapo," alikuwa akisema, kidole juu. "Sasa rudisha." Kisha nikalitafuta gita hilo kwa bendi za Dar es Salaam nikalipata. Nikapata pia kwamba nyimbo zetu za dansi zina nyumba mbili: kwanza kisa kinasimuliwa taratibu, mwimbaji anapewa nafasi, halafu inaingia chemko, maneno yanapungua hadi kibwagizo, na magita na matarumbeta yanaanza kuulizana na kujibizana. Mimi nilikuwa nimecheza chemko kwenye harusi zaidi ya ninavyoweza kukumbuka. Kuisikia inaingia, kwa maana ya kusikia nani amefungua mlango, nilijifunzia kwenye barabara ya Western Avenue.

Na ule ugomvi wa Msondo na Sikinde nao ukapata sura mpya. Muhidin Maalim Gurumo aliimba NUTA Jazz tangu bendi hiyo inaanza mwaka 1964. Mwaka 1978 akawa miongoni mwa waanzilishi wa Mlimani Park, yaani Sikinde. Katikati ya miaka ya 1980 akaenda Orchestra Safari Sound. Halafu akarudi kwenye bendi yake ya kwanza, ambayo jina lilikuwa likibadilika kila jumuiya ya wafanyakazi iliyoimiliki ilipobadilika: NUTA, JUWATA, OTTU, hatimaye Msondo Ngoma. Ndugu zangu wa Ngamiani walikuwa wakinuniana kwa ajili ya koo la mwimbaji mmoja. Swali la bendi ipi ni bora halina maana sana ukilijua hilo. Swali lenye maana ni kwa nini koo lile lile linasikika tofauti likikaa mbele ya magita ya Sikinde, na hilo huwezi kulijibu kwa kununa. Lazima uwashe redio.

Kulikuwa na jambo moja la kipindi ambalo sikulipenda, na bado silipendi. Mwisho wa kila uchambuzi wa albamu mpya walitoa hukumu ya ngazi tatu: nunua, nakili kwenye CD, au tupa jalalani. Watu walipoacha kunakili CD, ya katikati ikageuka kuwa "jaribu". Wasikilizaji waliipenda sana. Kwangu ilikuwa sehemu dhaifu kuliko zote. Unakuta mtu ametumia dakika nane kuonyesha kwa ushahidi kwamba nusu ya albamu ni hodari na nusu imechoka, halafu anaifunga yote kwa neno moja. Na kila nilipomsimulia mtu kipindi hicho, aliuliza hukumu tu. Hakuuliza sababu.

Lakini kulikuwa na suala lililonifanya niwaheshimu zaidi ya mzaha wa "nunua, tupa". Mji ule ni mji wa R. Kelly. Sisi tulimjua Tanzania kwa nyimbo za mahafali na za harusi, na sidhani kama kuna kwaya ya shule haikuwahi kumjaribu. DeRogatis alimjua kama mhakiki anavyomjua mwanamuziki wa mji wake. Novemba 2000 aliandika tahakiki ya albamu yake mpya. Baada ya hapo ikamfikia faksi isiyo na jina, ikisema kwamba tatizo la mtu huyu ni wasichana wadogo. Hakuitupa. Yeye na mwenzake wa gazetini, Abdon Pallasch, wakafuatilia nyaraka za mahakama na watu, na Desemba mwaka huo huo Sun-Times ikachapisha habari. Mwaka 2002 alitumiwa mkanda wa video, gazeti likaukabidhi polisi. Kesi ikachukua miaka, na 2008 baraza la mahakama likamwachia huru mshtakiwa. DeRogatis hakuacha. Julai 2017 alitoa habari nyingine nzito. Septemba 2021 R. Kelly akakutwa na hatia New York, na mwaka uliofuata akahukumiwa miaka 30. Septemba 2022 akakutwa na hatia tena, safari hii mahakama ya Chicago.

Hesabu mwenyewe: tangu ile faksi mpaka hukumu ya kwanza, miaka zaidi ya 20. Muda wote huo nyimbo zilipigwa. Ninapofikiria, kinachonigusa zaidi ni mahali habari ilipoanzia. Ilimfikia mtu wa ukurasa wa burudani, kwa sababu mtu fulani alisoma tahakiki yake akaona kwamba huyu angalau anasikiliza maneno ya nyimbo. Kwetu mtu huyo angeambiwa ashughulike na muziki, ya chumbani aachie mwenye chumba. Nilibishana na Mama wa Bukavu juu ya hili, na ndiyo mara pekee tuliyofika Rogers Park tumenyamaza. Yeye alisema wimbo haujui aliyeuimba. Kama angeacha kuwasikiliza wanaume wabaya, alisema, angebaki na nyimbo za kanisani, tena si zote. Mimi nilisema wimbo unamlisha aliyeuimba, na kumlipia mawakili. Hakuna aliyemshinda mwenzake. Kot na DeRogatis nao wamelirudia suala hili la msanii na kazi yake mara nyingi hewani, na nilichokipenda ni kwamba hawakulifanya dogo ili kipindi kiishe kwa raha.

Redio ya umma ya Marekani ina adha yake. Kuna majira kila kitu kinasimamishwa na watangazaji wanaomba michango, siku baada ya siku, kwa sauti ya mtu anayekukumbusha deni. Nilikuwa nazima. Baadaye nikaelewa kwamba ile adha ndiyo inayonunua ulimi. Mhakiki ambaye mshahara wake hautoki kwa kampuni ya kurekodi, wala kwa promota wa onyesho la Ijumaa, anaweza kusema albamu imechacha na Jumatatu akaja kazini.

Hili nililielewa vizuri zaidi niliporudi Tanga. Nikapata nafasi kwenye redio moja ya hapa, kipindi cha jioni cha muziki, pamoja na mzee mmoja mstaafu aliyepiga besi kwenye bendi za Tanga enzi zile mji huu una Jamhuri Jazz na Atomic Jazz na kila wikiendi ni kuchagua uende wapi. Nilimweleza ninachotaka: tupige, tukate, tubishane. Akaniangalia.

"Mwanangu, wimbo haukatwi."

"Shikamoo Mzee, tutaukata kidogo tu."

Tuliukata. Simu ziliingia kabla hatujafungua midomo. Mmoja alidhani umeme umekatika kwetu. Mwingine alisema kwa adabu kwamba kama hatuna muda wa kupiga wimbo mzima tuwaachie wenzetu walio na muda. Fundi mitambo alikuwa akinitazama kupitia kioo kama mtu anayeshuhudia ajali. Lakini mzee alikuwa ameshanogewa. Alikuwa amesikia besi ya mwenzake wa zamani ikiwa peke yake, akaanza kueleza hewani jinsi walivyorekodi Radio Tanzania Dar es Salaam: bendi nzima chumba kimoja, wote wanapiga kwa pamoja, na mmoja akikosea mnarudi mwanzo, na kwamba mashairi yalipitiwa kwanza na wakubwa kabla hamjaruhusiwa kufungua masanduku ya magita. Alieleza kwa nini besi za wakati ule zinasikika kama ziko mbali. Hakuna aliyepiga simu tena kulalamika jioni ile. Walipiga kuuliza.

Kipengele cha kisiwani nilikileta pia. Chicago kila mmoja kwa zamu anatumbukiza sarafu kwenye jukebox, mashine ya kupiga nyimbo, ya kisiwa cha kufikirika kisicho na watu na kuchagua wimbo mmoja asioweza kuishi bila huo. Mzee hakukielewa kabisa. Kwa mtu wa Tanga kisiwa kisicho na watu ni cha wavuvi kupumzikia. Visiwa vyenyewe ndiko taarabu ilikotoka, mtu apelekaje wimbo huko? Tukakibadilisha, ukawa wimbo wa kuvukia Pemba, yaani wimbo unaotaka uwe nao chombo kinapoyumba. Jina hilo lilileta ugomvi wa aina yake, kwa sababu mzee alichagua taarabu ya Tanga, ya Black Star, akasema bila kupepesa kwamba Tanga iliikomboa taarabu ilipoipa gita na besi na kuwaachia Unguja fidla zao. Wapemba wanatusikia vizuri sana usiku. Simu ya studio ilikuwa moto.

Kisha tukajaribu muziki mpya, na hapo ndipo nilipoona tofauti ya redio na redio. Tulichukua wimbo wa kijana mmoja aliyekuwa anavuma. Tulisema mdundo wake ni mzuri sana, tukaonyesha wapi. Tulisema pia sauti imemezwa na mashine na ubeti wa pili ni ule wa kwanza umevaa kofia. Yote tuliyasema kwa ushahidi, tukikata na kurudisha. Kesho yake walikuja vijana wa kijana, wengi kuliko viti vya mapokezi, wakitaka kujua nani ametutuma. Wiki haikuisha, promota aliyekuwa na matangazo kwenye kipindi chetu akayaondoa. Bosi alituita, hakuwa na hasira, alikuwa na huzuni ya mtu wa hesabu. "Nyinyi chambueni," alisema, "lakini msikosoe."

Linalonishangaza mpaka leo ni mpira. Redio zetu zinachambua mpira saa nzima asubuhi na saa nzima jioni. Mchambuzi anasema beki wa Simba alisimama vibaya, anataja dakika, anataja mguu, anasema kocha alichelewa kumtoa, na hakuna anayemwita mwenye wivu. Shabiki wa Simba atanuna, atapiga simu, atamtolea takwimu. Ndiyo starehe yenyewe. Mwanamuziki akiambiwa ubeti wake wa pili ni dhaifu, tayari umetumwa, una chuki, au ulitaka kuimba ukashindwa. Kwa hiyo waliobaki ni machawa upande mmoja na wapondaji wa mitandaoni upande wa pili, na wote hawaukati wimbo. Nina maelezo yangu: mpira kila mtu ameucheza na anajua sheria zake, ndiyo maana anaona mchambuzi akitetea hoja. Muziki tumeambiwa ni kipaji cha Mungu, na nani akosoe kazi ya Mungu. Mzee haafiki. Anasema ni njaa tu. Mchezaji analipwa mshahara hata akikosolewa, mwanamuziki akikosolewa anakosa onyesho la Ijumaa.

Tukarudi kwenye nyimbo za zamani. Marehemu hawaondoi matangazo. Haikuwa hasara yote, kwa kuwa tulipata muda wa kuwatafuta watu wasiotajwa. Kila mtu anamtaja mwimbaji na mpiga solo. Sisi tulikaa na wapiga ridhimu, wale wanaorudia kitu kimoja dakika saba ili wenzao waonekane wazuri. Walipiga simu watoto wao, wajukuu wao, mmoja kutoka Muheza akasema nyumbani hawakuwahi kujua kwamba ile sauti ni ya babu.

Sound Opinions chenyewe kiliachana na WBEZ mwaka 2020 na kinaendelea kwa kujitegemea, wasikilizaji wakichangia. Nakisikiliza kwenye simu, bando likiwepo. Mama wa Bukavu bado yuko Rogers Park na hunitumia ujumbe wa sauti kila Kot anapokosea, ambapo kwa mujibu wake ni kila wiki.

Sasa tumeamua kurudi kwa vijana kupitia mlango wa singeli. Sababu ni kwamba singeli haiombi radhi kwa mtu: mapigo zaidi ya 200 kwa dakika, imezaliwa uswahilini Dar es Salaam, imeshafika kwenye matamasha ya Ulaya, na bado redio nyingi zinaichukulia kama kelele za mdundiko ulioharibika. Mzee alikataa katakata, kisha akaomba nimwachie simu usiku mmoja. Asubuhi alikuwa na karatasi. Ameandika mahali besi inapojificha, na swali: kama kila kitu kinakimbia, mchezaji anashika nini? Tumempata mtayarishaji mmoja kijana aliye tayari kuja kujibu hewani. Ana sharti moja, kwamba Mzee asimlinganishe na Atomic Jazz. Mzee amelikataa sharti hilo. Mimi niko katikati, napeleka ujumbe huku na huku, na bosi bado hajaambiwa.